Mama wa Siku ya Wazazi

Sebule ya mwenye nyumba haikuwa imejaa hivyo tangu mazishi ya mumewe. Wapangaji wote walikuwa wameitwa. Wenye viti walikuja na viti vyao, wasio na viti wakajibanza sakafuni, na mwenye nyumba mwenyewe alikuwa amefuta kioo cha televisheni kwa pindo la nguo yake mara mbili, kana kwamba vumbi lingemzuia mtoto asipite. "Leo tunamwangalia mwanetu," alisema. Mtoto akipata sifa huwa wa nyumba nzima. Akiharibu, mnamwachia mama yake.

Mama yake alipewa kiti cha mbele, kile chenye mto. Walimwita Mama Kimya. Alikuwa ametoka kazini moja kwa moja na viganja vyake vilikuwa bado vyekundu kwa mvuke. Alifanya kazi kwa dobi mkubwa anayefulia mahoteli na kumbi za harusi, na kazi yake ilikuwa kupiga pasi shuka na vitambaa vya meza, tangu asubuhi mpaka msimamizi aseme basi. Mtoto wake wa pekee, msichana wa miaka tisa, alibandikwa jina la Kimya kwa sababu ukimwuliza neno anakujibu kwa mabega. Sasa alikuwa amesimama mlangoni, mguu mmoja ndani, mmoja nje.

"Njoo ukae na mama yako, nyota wetu," mwenye nyumba alimwita.

Kimya alipandisha mabega.

"Anaona haya," alisema fundi viatu wa chumba cha nyuma. "Watu maarufu ndivyo walivyo. Kesho atatusalimia kwa kidole."

Watu wakacheka, na Mama Kimya akacheka nao. Chama kimoja cha kusaidia watoto kilikuwa kimechagua watoto wachache kutoka kila shule, wakae kambini likizo nzima, huko nje ya mji kwenye miti na bwawa la kuogelea, bila mzazi kulipa kitu. Watu wa televisheni wakafuatana nao kuwapiga picha. Masharti yao yalikuwa kwamba watoto wasiigize na wasifundishwe maneno, wawe wao wenyewe. Mama Kimya alikubali kabla hajamaliza kuambiwa. Likizo ilikuwa balaa lake la kila mwaka: kumfungia mtoto chumbani hakuweza, kumwacha uani hakuthubutu, na kwenda naye kazini kulikatazwa.

Kipindi kikaanza. Watoto walikuwa wanakimbia kuelekea majini, na mmoja wao, mwembamba, mwenye kaptura iliyompwaya, alikuwa mbele ya wote akipiga mluzi. "Chiriku! Chiriku, tusubiri!" wenzake walimwita. Yule mtoto aligeuka, akawa Kimya.

"Chiriku!" fundi viatu alipiga paja lake. "Huyu huyu?"

Huyo huyo. Aliongea akiogelea, aliongea akitandika kitanda, alimweleza mtangazaji kwa nini vyura hawana shingo. Sebule ilivunjika mbavu. Mama Kimya alikuwa ameishi na huyu mtoto miaka tisa na hakujua kama anaweza kupiga mluzi. Aligeuka kumtazama mlangoni. Kimya alikuwa anaangalia vidole vya miguu yake.

Kisha ikaja siku ya wazazi. Mama Kimya alijiweka sawa kitini, maana jambo hilo lilikuwa linamkera tangu lilipopita. Siku ile kulikuwa na harusi tatu mjini, vitambaa vya meza vimerundikwa hadi dirishani, na msimamizi alimwambia, "Nenda, hakuna aliyekufunga kamba. Ila usirudi." Hakwenda. Sasa kwenye televisheni wazazi walikuwa wanashuka kwenye mabasi na vikapu, watoto wanawarukia. Picha ikahamia kwenye benchi, pembeni kidogo. Kimya alikuwa amekaa hapo na mwanamke mnene mwenye gauni la maua, kichwa amekilaza mapajani mwake.

"Na huyu ni nani, Chiriku?" sauti ya mtangazaji iliuliza.

Kimya alitazama kamera bila kupepesa. "Mama yangu."

Mkono wa yule mwanamke uliokuwa kwenye nywele za mtoto ulisimama kidogo, kisha ukaendelea.

"Mama amekuletea nini?"

"Amekuja," Kimya alisema. "Inatosha."

Picha ikaenda kwa watoto wengine. Sebuleni kila mtu alipata kazi ya kufanya: huyu anakohoa, huyu anatafuta kiatu. "Televisheni hizi," fundi viatu alisema hatimaye, "zinachanganya mambo sana."

"Zichanganye nini?" aliuliza mke wake, ambaye Mungu alimnyima breki. "Si amesema mwenyewe, kwa mdomo wake?"

"Ni mchezo," Mama Kimya alisema. Sauti yake ilitoka kubwa kuliko alivyotaka. "Waliambiwa waseme hivyo. Alinieleza."

"Naam, mchezo," mwenye nyumba alidakia upesi. "Nani bado hajapata chai?"

Mama Kimya aligeuka tena mlangoni. Hapakuwa na mtu.

Alimkuta chumbani, amekaa ukingoni mwa kitanda wanacholala wote wawili, viatu miguuni kama mtu anayengoja kuitwa safari.

"Yule ni nani?"

"Mpishi."

"Mpishi wa nani?"

"Wa kambi."

"Alikuzaa lini?"

Mabega yakapanda, yakashuka.

"Nakuuliza wewe! Mbele ya watu wote wale! Mimi nimekufa?"

"Nilikungoja getini," Kimya alisema. "Wenzangu wakala, wakamaliza. Nilikungoja tu."

"Nilikuwa na kazi."

"Ulisema utakuja."

Mama Kimya aliinua mkono, na mtoto akafumba macho. Mkono ulikaa juu, kisha ukashuka wenyewe ukachukua ufagio, ukafagia chumba kilichokwisha kufagiliwa. Tuseme ukweli, hasira ilikuwa ndogo. Kilichomkaba ni wivu. Alimwonea wivu mwanamke asiyemjua, kwa sababu ya kichwa kilicholala mapajani mwake. Kimya alipolala naye kitandani alilala akiutazama ukuta, na mama mtu hakukumbuka kichwa hicho kilimlalia yeye lini mara ya mwisho.

Kesho yake kazini walikuwa wanakunja shuka. Shuka la hoteli halikunjwi na mtu mmoja. Linataka wawili, huyu ashike pembe hizi na yule pembe zile, mnakutana katikati, mnaachana, mnakutana tena. Katikati ndipo umbea unapopitia.

"Jana nimeona mtoto kwenye televisheni," mwenzake alisema walipokutana. "Kafanana na wako, we! Macho yaleyale." Wakaachana, wakakutana. "Ila huyo ana mama mnene. Maneno mengi, halafu anajua kupendwa."

"Watoto hufanana," Mama Kimya alisema.

Neno lilimtoka kirahisi, na mpaka wanamaliza rundo lile aliona kinywa chake kichungu. Siku moja tu baada ya mtoto kuonekana akimkana mama, mama alikuwa amemkana mtoto, na hakuna aliyemwekea kamera usoni.

Mchana simu yake iliita. Alitoka nje kwenye mapipa, msimamizi akimsindikiza kwa macho. Alikuwa mtangazaji, yule wa kipindi, sauti yake tamu kama ya mtu aliyelala vizuri maisha yake yote. Watazamaji walikuwa wamempenda sana Chiriku. Watu walilia kwa lile neno lake la amekuja, inatosha. Sasa walitaka kutengeneza kipindi cha pili, watoto wa kambi wakiwa nyumbani kwao, na wangeanza na Chiriku na mama yake, Jumamosi asubuhi.

"Naongea na nani, samahani?" mtangazaji aliuliza. "Wewe ni nani kwake?"

Mashine ilipiga mvuke ndani. Mama Kimya alitazama mapipa.

"Mimi ni wa hapa nyumbani."

"Vizuri sana! Basi mwambie mama yake asihangaike kupamba. Tunataka akae kama anavyokaa siku zote."

Mpishi alikuja mwenyewe, siku mbili kabla ya Jumamosi, jua likiwa linashuka. Alikuwa amejionea kipindi kwa jirani yake na tangu hapo, alisema, chakula kilikuwa hakipiti. Mama Kimya alimtuma mtoto dukani kununua sabuni ambayo haikuhitajika, akamkaribisha mgeni kwenye kiti kimoja kilichokuwapo, yeye akakaa kitandani. Kwa karibu mwanamke huyu alikuwa mkubwa kuliko alivyoonekana, na miguu imevimba kwa kusimama.

"Dada, nipige," mpishi alisema. "Nikitoka hapa sijapigwa nitaona hujanisamehe."

"Nikupige kwa lipi?"

"Nilikuwa mapumziko. Nimevua aproni, nimevaa gauni langu, nimekaa. Mtoto akaja akaniuliza, leo una mtu? Nikamwambia sina. Akasema, basi tukae wote. Ndiyo wakaja hawa na kamera yao. Aliposema vile nilitaka kukataa, nakuapia. Nikamwona mdomo unamcheza. Nikashindwa."

"Na wao hawakukujua? Likizo nzima unawapikia!"

"Wananijulia wapi? Jikoni hawakanyagi, wanaletewa sahani. Mkuu wa kambi alijua. Alicheka, akasema kipindi kimependeza, tusikiharibu."

Mama Kimya alinyoosha mkunjo kwenye shuka la kitanda chake, akaunyoosha tena. "Alikuwa analia?"

"Nani, Chiriku? Halii yule. Anaongea. Ananimenyea viazi, ananisimulia habari zako."

"Habari zangu?"

"Kwamba ukikunja shuka hata nzi akitua anateleza. Kwamba unaungua vidole hupaki dawa. Kwamba ukirudi unalala na viatu, na yeye anakuvua polepole usiamke."

Nje wapangaji waligombania foleni ya bomba. Mama Kimya siku zote alidhani viatu vyake anavivua mwenyewe kwa usingizi.

"Kwangu haongei," alisema.

Mpishi alipokuwa anaaga, amekwisha kusimama, alisema kwa sauti ya chini, "Wakija Jumamosi... kama itamsaidia mtoto, mimi naweza kuja. Nikae hapo kitini wapige picha zao, waondoke. Sitaki kitu."

"Nikodi mama?" Mama Kimya alisema. "Aje akae na mwanangu, ndani ya chumba ninacholipia mimi? La, dada. Asante. Uchungu wa mwana aujuaye mzazi."

"Kweli," mpishi alisema, akajikokota kwenda zake. Mama Kimya alijuta kusema hivyo, maana hakujua kama mwenzake amewahi kuzaa.

Sabuni iliporudi, hukumu ilikuwa tayari. "Jumamosi utasema mwenyewe mbele yao," Mama Kimya alimwambia mtoto. "Utasema, nilidanganya, mama yangu ni huyu. Basi. Yaishe."

Hapo Kimya akafungua kinywa, na maneno aliyomnyima mama yake siku zote yakatoka kwa pamoja. Shule nzima iliona. Mwalimu alimsimamisha mbele ya darasa wakampigia makofi. Ilikuwa mara ya kwanza wenzake kumgombania wakae naye. Wakijua watamwita mwongo mpaka amalize shule. "Mama, nakuomba. Nitafua. Nitakuwa nateka maji mimi. Usiwaambie. Nakuomba, mama."

"Ulipokuwa unasema hukufikiri?"

"Nilifikiri hutaona," mtoto alisema. "Nilijua utakuwa na kazi."

Jumamosi Mama Kimya hakwenda kazini. Jana yake aliomba ruhusa, msimamizi akaanza maneno yake ya siku zote, na yeye akaondoka kabla hajafika mwisho. Litakalokuwa na liwe. Asubuhi alivaa nguo yake nzuri, akatandika kitanda mpaka kikanyooka kama meza ya harusi.

Kimya alimtazama kutoka pembeni. "Leo huendi?"

"Siendi."

"Kumbe unaweza," Kimya alisema. Hakusema kwa ubaya. Alisema kama mtoto aliyegundua kitu kipya, na mama yake akalazimika kugeukia dirisha.

Walikuja watatu: mtangazaji, mpiga picha na kijana wa sauti mwenye vidude masikioni na kipaza sauti chenye manyoya juu ya fimbo. Chumba kikawa kidogo ghafla. Mpiga picha alizunguka akitafuta pa kusimama, asipate, mwisho akasimama mgongo ukutani, kamera usawa wa kitanda. Nje wapangaji walikuwa wamejazana dirishani, mke wa fundi viatu mbele kabisa.

"Chiriku wangu!" mtangazaji alimkumbatia mtoto, kisha akatazama huku na huku, akampita Mama Kimya kama linavyopitwa kabati. "Na mama yuko wapi? Tunamtaka mama!"

Maneno yalikuwa yamepangwa. Mama Kimya alikuwa ameyasema mbele ya kioo, tena kwa adabu: kulikuwa na kosa dogo, mama mwenyewe ndiye mimi. Alifungua kinywa. Kisha akamwona mtoto. Kimya alikuwa ameshika pindo la shuka kwa mikono miwili, na alikuwa anamtazama mama yake kama mtu anayetazama fimbo ikishuka.

"Mimi ni mama yake mdogo," Mama Kimya alisema.

Dirishani mke wa fundi viatu alivuta pumzi. Mwenye nyumba, aliyekuwa nyuma yake, alimshika bega. "Ondokeni hapa," aliwaambia wote. "Kuna harusi? Kila mtu aende kwake." Aliwaswaga uani mmoja mmoja, na kabla ya kuondoka yeye mwenyewe alisukuma dirisha likajifunga.

"Ah, mama mdogo! Karibu, karibu," mtangazaji alisema, kana kwamba chumba ni chake. "Kaa naye hapo kitandani. Lakini sogea kidogo, usiingie kwenye picha. Hapo hapo."

Mama Kimya alisogea. Na tusimsingizie ushujaa: alikuwa na tumaini. Alidhani amempa mtoto nafasi. Hakuna wa kumlazimisha sasa, hakuna wa kumtisha. Akiulizwa mama yako yuko wapi, kazi yake ni kunyoosha kidole tu. Watoto huwa wanafanya hivyo, wanakataa ukiwavuta na wanakuja ukiwaacha. Alikaa mikono mapajani akingoja kidole hicho.

Taa ndogo nyekundu ikawaka.

"Chiriku, mama yako yuko wapi leo?"

Kimya aliliachia pindo la shuka. "Yuko kazini."

"Hata Jumamosi?"

"Hata Jumapili."

Mama Kimya aliona moyo wake unashuka taratibu, kama ndoo kisimani.

"Anafanya kazi gani?"

"Anapiga pasi," Kimya alisema. "Shuka za hoteli. Na vitambaa vya harusi, lakini harusini haendi. Kuna mvuke mwingi sana, unaunguza. Akirudi amechoka." Alifikiri kidogo. "Yeye ndiye bora kuliko wote pale. Wenzake hawajui kunyoosha pembe."

"Na wewe unabaki na mama mdogo."

"Nabaki peke yangu."

Mtangazaji alijua amepata kitu. Alipouliza tena sauti yake ilikuwa laini zaidi. "Akikuona kwenye televisheni, ungependa kumwambia nini mama?"

Kimya aligeuza shingo. Akamtazama mama yake aliyekaa pembeni, nje ya picha, kwa macho yaleyale ambayo mwenzake kazini alisema yanafanana. "Siku nyingine uje," alisema. "Hata ukichelewa. Hata wenzangu wakiwa wamemaliza kula, wewe uje tu."

"Nitakuja, mwanangu," Mama Kimya alisema.

Kijana wa sauti akavua vidude vyake masikioni. "Samahani, mama mdogo. Sauti yako imeingia."

"Haidhuru, tunarudia," mtangazaji alisema kwa upole. "Mama mdogo, tafadhali, usijibu. Na wewe, Chiriku mpenzi, usimtazame mama mdogo. Tazama huku kwenye kamera. Mama yuko huku. Mwambie kama ulivyosema sasa hivi, usibadilishe kitu."

Kimya akageuka, akatazama kamera. Mama Kimya aliziba mdomo wake kwa kiganja. Mtoto akasema tena, neno kwa neno, siku nyingine uje, hata ukichelewa, na safari hii hakuna aliyemjibu.